Ruhusa ya Kihenge

Ulezi uliokaa miaka mitatu ndani ya kihenge una harufu yake, na mtu aliyeinusa utotoni haichanganyi na nyingine. Ni harufu ya vumbi kavu na moshi wa jikoni, na chini yake kuna utamu kidogo, mfano wa togwa iliyoanza kuchachuka. Ongeza samadi ya ng'ombe na majivu yaliyosiribwa kwenye ukuta wa fito, na hapo umefika uani kwetu, katika kijiji kimoja cha Ufipa kilichoko njia ya kwenda Msanzi, mahali ambapo upepo wa mwezi wa sita hukata masikio na ng'ombe wa jirani huonekana toka mbali kwa sababu miti ni ya kuhesabu. Kihenge cha Bibi kilisimama nyuma ya jiko juu ya mawe manne, kimevaa kofia ya nyasi, kifupi na kinene kama mwenyewe. Vihenge viwili vikubwa vya mahindi vilikuwa vya Baba, na hivyo vilifunguliwa na kufungwa bila sherehe yoyote. Cha Bibi kilikuwa cha ulezi mtupu. Hakuna aliyekigusa, hata Baba ambaye ni mwanawe wa kumzaa, mpaka kwanza apige magoti mbele yake, akunje viganja, apige makofi mazito ya polepole, kisha angoje. Bibi naye akipiga makofi ya kujibu, mambo yamekwisha, lete ungo. Asipopiga, ulisimama ukafuta magoti na kwenda zako, wala hukuuliza kwa nini.

Nyumbani tulisema Kifipa, na katika Kifipa cha Bibi sikumbuki kulisikia neno moja la kusimama badala ya makofi yale. Neno lenyewe nilikutana nalo shuleni. Ukitaka kwenda chooni ulisimama wima, ukaweka mikono nyuma, ukasema, "Naomba ruhusa, mwalimu." Aliyeteleza akasema kwa Kifipa alisafisha hicho choo alichokuwa anakiomba. Mimi niliteleza mara moja tu. Nilikuwa mtoto mwenye sikio jepesi na kichwa kilichovimba kwa sifa, na kufikia darasa la nne nilikuwa nakisema Kiswahili kama mtoto wa karani. Sasa ni mwalimu wa somo hilo mjini Sumbawanga, na neno hili moja nimelifuata miaka mingi kama mtu anayefuata nyayo za ng'ombe aliyepotea. Wenye kujua wanasema Kiswahili kililitoa kwa Waarabu, na kwamba huko shina lake lilikuwa na maana ya ulaini, ulaini wa kidole cha mtoto. Shina hilo likazaa ndugu wawili tunaowaita ruhusa na rahisi. Mmoja ni sheria iliyolegezwa, mwingine ni bei iliyolegezwa. Nilipolisoma hilo kwa mara ya kwanza, nikiwa chuoni, nilifunga kitabu na kutoka nje, kwa sababu ndugu hao wawili nilikuwa nimekwisha kuwaona wakiingia uani kwetu pamoja, siku moja, juu ya lori moja.

Lakini nisikimbilie lori. Bibi hakujua Kiswahili zaidi ya kuitikia "marahaba", na kila alipohitaji kusema na mtu wa serikali, au mganga wa zahanati, au mtu yeyote aliyetoka nje ya Ufipa, alinitumia mimi. Alikuwa na utaratibu wake katika jambo hilo. Kabla hatujaondoka nyumbani alinishika kidevu na kuniambia kwamba kuanzia pale mimi ni mdomo wake, na mdomo hauna mambo yake. Ninalolisema mimi limesemwa na yeye. Na kama nikikosea, alisema, hatanikana mbele ya mgeni, maana mtu anayekana mdomo wake mbele ya wageni ni kama anayevua nguo barabarani. Watu wazima wa kwetu walilishika jambo hilo kwa nguvu zote. Mtoto aliyetumwa akiahidi kuku, kuku alitolewa, hata kama ni wa mwisho. Kiboko cha mtoto kilingoja mgeni aende. Nilifurahia kazi hiyo kupita kiasi. Nilitembea mbele ya Bibi nikiwa nimebenua kifua, yeye akinifuata na fimbo yake, na watoto wenzangu walinicheka wakiniita Mdomo wa Bibi, nami nikalichukua kuwa jina la heshima.

Ndipo ruksa ikaja. Neno lilikuwa limepoteza kipande njiani, ruhusa ikawa ruksa, na kwa ufupi wake likapata mbio. Lilitoka kwenye redio ya jirani, likatoka kwenye mikutano ya kijiji, likashika midomo ya watu kama wimbo wa harusi. Kabla ya hapo mahindi yetu yalikuwa na njia moja tu, chama cha ushirika, na mtu aliyethubutu kupitisha magunia mawili usiku aliyaacha kizuizini na pengine akalala ndani. Sasa ruksa kuuza kwa yeyote, ruksa kununua popote, ruksa kuvaa nguo zilizokwisha kuvaliwa Ulaya. Mbuzi akiingia kwenye bustani ya mchicha, vijana walipiga kelele, "Mwacheni, ruksa!" Hata Bibi alilijua. Lilikuwa neno lake la pili la Kiswahili baada ya marahaba, na alilisema kwa kubinua mdomo, kama mtu anayetema ganda. Baba kwa upande wake alilipenda neno hilo, na sioni kwa nini nimlaumu. Alikuwa mtu wa kazi aliyechoka kupangiwa. Miaka kadhaa kabla ya hapo, kwa maneno ya mabwana shamba, alikuwa ameacha kulima matuta ya mviringo ya kizazi cha Bibi, yale ambayo mwishoni mwa masika nyasi hufunikwa udongo zikaoza ndani yake ili msimu unaofuata yatawanywe na kupandwa. Wakamwambia hayo ni mambo ya kale, tumia mbolea ya chumvichumvi. Akaitumia, mahindi yakaitika, na mbolea ikawa inaletwa kila mwaka na lori la chama. Matuta yalibaki kwenye kishamba cha Bibi peke yake, na ulezi wa kihenge ulitoka humo.

Mwezi wa saba wa mwaka ule likaja lori la mnunuzi. Alikuwa mtu mnene mchangamfu, mwenye kofia ya sufi na kicheko cha karibu, aliyetoka mbali, na kwa kweli hakutudhulumu. Alikuja na mizani yake mwenyewe, akalipa fedha taslimu palepale badala ya vikaratasi vya chama, akawapa watoto pipi. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Kijiji kizima kilipona siku ile. Baba aliuza mahindi, akabakiza kihenge kimoja nusu, akisema mbolea ikija mapema tutakuwa na mengi kuliko haya. Mnunuzi alizunguka uani akipigapiga ukuta wa vihenge kwa kiganja, akafika nyuma ya jiko, akasimama. Mjini walikuwa wanautafuta ulezi kwa pombe kama wanavyotafuta maji, alisema, na ulezi wa zamani ndio wenyewe. Baba akajibu kwamba hicho ni cha mama yake, yeye hana kauli. Kisha akaniita. "Skola, nenda na mgeni kwa Bibi. Akikubali, sawa. Akikataa, yaishe." Naye akarudi kupakia magunia.

Sasa niseme nilichokuwa nakitaka, maana nimekificha miaka mingi na hakistahili kufichwa, ni kidogo mno. Mnunuzi alikuwa ameniambia kwamba lori likijaa hapa kwetu kabla ya jua kuzama, nitapanda na Baba mpaka Sumbawanga na kurudi nalo kesho yake. Sikuwa nimefika mjini hata mara moja. Sikuwa nimepanda gari hata mara moja. Rafiki yangu wa darasani alikuwa amefika, akatuambia habari za taa zinazowaka bila mafuta na duka lenye kioo cha kujiona mwili mzima, na alitusimulia wiki mbili bila kupumzika. Nilitaka kioo hicho. Jua lilikuwa limekwisha kuegemea upande wa machweo, na dereva alikuwa akipiga honi.

Bibi aliketi kwenye kigoda chake, mgongo umeegemea kihenge. Mnunuzi akasema shikamoo kwa heshima zote, lakini amesimama. Bibi akaitikia marahaba. Mimi nikapiga magoti kama ilivyopasa, nikaeleza kwa Kifipa anachotaka mgeni. Bibi hakukasirika. Alitazama viatu vya yule mtu, kisha akaniambia taratibu, "Mwambie akae kwanza. Kihenge hakiombwi na mtu aliyesimama." Akapapasa ukuta nyuma yake. "Halafu mwambie humu mna chakula cha mwaka ambao hatujauona. Arudi baada ya mavuno mengine. Tukiwa hai wote, tutaongea." Honi ikalia tena. Mnunuzi aliinama kwangu akitabasamu, akauliza, "Bibi anasemaje, mtoto mzuri?" Nakumbuka pipi ilikuwa bado shavuni mwangu. Nikaisogeza kwa ulimi ili nitamke vizuri, nikasema, "Anasema ruksa."

Bibi alinitazama mdomoni. Si machoni, mdomoni. Ni neno ambalo hata mbuzi wa kijiji walilijua, na sijui niliwazaje kwamba yeye hatalisikia. Pengine sikuwaza. Nilingoja aseme kitu, anipige fimbo, amtikisie mgeni kichwa. Mgeni alikuwa anampigia makofi ya shukrani, makofi ya haraka ya mjini. Bibi aliinuka kwa kushika ukuta wa kihenge, akachukua kigoda chake, akakihamishia pembeni ili wapate mahali pa kusimamisha ngazi. Wapakizi wawili walivua kofia ya nyasi, na ile harufu ikatoka yote kwa pamoja ikajaa uani, nzito, ya miaka mitatu, mpaka Mama akatoka jikoni na unga mikononi kuona kumetokea nini. Baba alipokuja na kukuta magunia yanafungwa, alishangaa. Alimwendea mama yake, akapiga magoti, akauliza kama kweli amekubali. Bibi alikuwa anaangalia barabarani. "Mdomo wangu umesema," alijibu. Baba akapiga makofi, na Bibi akayajibu.

Nilisafiri nikiwa nimekaa juu ya ulezi ule. Mbele kwa dereva hapakuwa na nafasi, nikapandishwa nyuma, na gunia nililokalia lilikuwa la Bibi, nalijua kwa harufu. Ukweli ni kwamba nilifurahi. Ningependa kusema roho ilinisuta njia nzima, ingefaa zaidi kwa mtu wa umri wangu wa leo, lakini nilikuwa na miaka kumi na upepo ulikuwa unapuliza gauni langu la shule, nikaimba. Sumbawanga niliiona. Kioo nilikiona, nikajiona mzima toka kichwa hadi vidole vya miguu vyenye vumbi, na nikashangaa jinsi nilivyo mfupi. Nilikunywa soda ikanitoka puani. Baba akanunua redio na suruali ya mtumba, akanipa sarafu nimnunulie Bibi zawadi, nikachagua mkate wa duka. Kesho yake nilimpelekea kwa magoti. Aliula wote, kipande kwa kipande, akanishukuru, akasema mkate wa mjini ni laini kwa mtu asiye na meno.

Mvua za mwaka ule zilikuja vizuri, na hilo ndilo linalouma, kwamba mbingu hazikuwa na kosa. Lililokosekana ni lori la mbolea. Wanaume walikaa kando ya barabara wiki baada ya wiki wakisikiliza mlio, Baba akiwa na redio yake magotini, mpaka betri zikaisha. Chama kilikuwa kimefunga milango. Mbolea ilikuwapo mjini kwenye maduka ya watu, ruksa kununua, kwa bei ambayo Baba aliisikia akarudi nyumbani bila kutuambia. Mahindi yalichipua, yakafika magotini, yakageuka njano, yakasimama hapo. Bibi alikuwa amebakiza mbegu kidogo katika kibuyu, akaipanda juu ya matuta yake, na kishamba kile kikawa kijani peke yake katikati ya mashamba ya njano ya mwanawe. Lakini ulezi haukomai kwa kutazamwa. Ilipofika mwezi wa pili, kihenge cha mahindi kilikuwa kinatoa vumbi. Wafanyabiashara walikuja tena na malori, safari hii wakiuza, na debe la nafaka waliloliona rahisi mwezi wa saba lilikuwa halishikiki. Mama alishuka bondeni Kaoze kupalilia mashamba ya watu, akawa anarudi kila baada ya wiki mbili na mfuko kichwani. Wahenga walisema akiba haiozi. Yetu haikuoza kweli. Ilinyweka mjini.

Waswahili husema majuto ni mjukuu. Nyumbani kwetu haukuwa mfano. Mjukuu alikuwa na jina, na gauni moja la shule, na alikaa kila jioni mbele ya bakuli la uji akimsikiliza bibi yake akisema ameshiba. Alisema amekula kwa jirani. Alisema ugali wa mahindi unamchoma tumbo. Alisema mzee hana kazi, chakula chake ni jua. Sahani yake aliisukuma kwa wadogo zangu wawili, na sehemu ya tatu aliisukuma kwangu, na nilikula. Nilikuwa najua. Mtoto wa miaka kumi anajua hesabu ya kihenge kizima, amekuwa akikitazama tangu azaliwe. Mara nyingi nilifungua mdomo nimwambie Baba, na kila mara nilimwona Bibi akinitazama mdomoni kama siku ile, nikaufunga. Nilifikiri ananikataza. Inawezekana alikuwa anangoja. Hadi leo sijui, na sina wa kumuuliza.

Miguu yake ikaanza kuvimba. Baba alimfunga kwenye kiti cha baiskeli kwa khanga, akamsukuma mpaka barabarani, tukapata lori la watu wa dagaa lililotufikisha hospitali ya mjini. Mimi nilikwenda kwa kazi yangu ya zamani. Wodi ilikuwa na watu wawili wawili kitandani, na muuguzi aliyetupokea, mama mmoja mpole mwenye sauti ya kukwaruza, alifanya alichoweza. Siku ya sita akatuita mlangoni, akasema, "Bibi yenu ameruhusiwa." Nilirukaruka. Katika Kiswahili changu mtu akiruhusiwa amepata alichokiomba. Baba hakuruka. Muuguzi alimshika bega akamwambia ampeleke akapumzike kwake, ampe uji mwepesi, asimnyime chochote anachokitaka. Nikakimbia mpaka kitandani, nikapiga magoti, nikamwambia Bibi kwa Kifipa kwamba wamesema amepona. Alikuwa amelala ubavu, uso umebaki macho. Alicheka kidogo, kicheko cha pumzi tu. "Umesema wewe," akauliza, "au wamesema wao?" Hiyo ndiyo mara pekee alipoligusa jambo lile. Nikasema wamesema wao. Akasema basi vizuri, twende.

Aliishi siku nne. Asubuhi ya nne aliomba kutolewa nje kwenye jua, na hakutaka kukaa mahali pengine ila pale pa siku zote, mgongo kwenye kihenge, ambacho sasa kilikuwa kitupu na kilitoa sauti ya ngoma ukikigusa. Baba alikuwa ameenda kutafuta maziwa kwa Wasukuma waliohamia ng'ambo ya mto. Mama alikuwa bado bondeni. Nilikaa mbele ya Bibi nikimfukuza nzi. Baada ya muda alifumbua macho, akajivuta mbele kwa shida mpaka nikadhani anataka maji. Hakutaka maji. Alikuwa anapiga magoti. Alishindwa, akabaki ameinama, kisha akakunja viganja vyake vilivyokuwa vimebaki mifupa, akanipigia makofi, mazito, polepole, mara tatu. Akangoja. Mtu mzima alikuwa ananiomba mimi, mbele ya kihenge chake, na sikuhitaji kuambiwa anaomba nini. Nilificha mikono yangu kwapani, nikaikaza. Niliamini kwamba nisipopiga makofi hataweza kwenda, kwa kuwa yeye ndiye aliyetufundisha kwamba asiyejibiwa huinuka akafuta magoti na kuacha. Alinisubiri muda mrefu sana. Jua lilihama toka kwenye miguu yake likafika mapajani. Mikono yake ilikuwa bado imekunjwa vilevile Baba aliporudi na maziwa.

Mwezi wa tano ulezi wake ulikomaa juu ya matuta. Tuliuvuna sisi, tukaupura, ukajaza robo ya kihenge, na Baba alisimama mbele yake na ungo mkononi akizunguka kama mtu aliyepotea kwake, maana hapakuwa na wa kumpigia magoti. Mwishowe aliuchota tu. Tulikula ugali mwekundu wa Bibi tukashiba kwa mara ya kwanza toka Krismasi, na nikatapika wangu wote nyuma ya jiko.

Tangu hapo nimekuwa mtu wa kukusanya maana. Mwalimu mwenzangu, Mwislamu kutoka Ujiji, aliwahi kunieleza kwamba katika dini yao ruhusa ni jina la huruma. Msafiri ana ruhusa ya kuacha kufunga, mgonjwa ana ruhusa, na mwenye njaa ya kufa ana ruhusa ya kula hata kilichoharamishwa. Mwenye njaa hana miiko, tunasema sisi kwa mkato. Mwingine aliniambia Waturuki wanaliita hivyo karatasi la leseni. Na kuna mama mmoja mzee wa Kihindi mwenye duka la vitambaa mjini, ambaye siku moja nilimuuliza kama kwao neno hili lipo. Lipo, akasema, lakini kwao ni kuagana. Siku bibi harusi anapotolewa nyumbani kwao, akilia, na mama yake akilia, na gari linangoja nje, saa hiyo huiita kwa neno hilo. Aliyemruhusu ndiye anayebaki mlangoni. Nilinunua kitambaa ambacho sikukihitaji, nikaondoka. Neno limesafiri nchi zote hizo, likaombea wagonjwa, likaoza mabinti, na lilipofika Ufipa lilikutana na mimi.

Siku hizi kwetu kuna lami. Basi linatoka Sumbawanga na kukushusha kijijini kabla soda haijapata moto wa jua. Umeme upo, vioo vya mwili mzima vinauzwa kwenye mikokoteni, na vijana huuza mahindi kwa simu yakiwa bado shambani. Matuta ya mviringo yamebaki ya wazee wachache, na wataalamu wanaokuja na magari meupe sasa huyapiga picha na kuyasifu, wakisema ndiyo kilimo kinachotakiwa. Darasani wanafunzi wangu huniomba ruhusa mara thelathini kwa siku, na huwapa kwa kutikisa kichwa bila kuinua macho kwenye madaftari. Sijui kama kuna mmoja anayeniomba kweli. Wakati mwingine hunijia hamu ya kuwaambia wapige magoti, si kwa ajili yangu, ila wajue kwamba anayeomba anapaswa kungoja. Siwaambii. Wangenicheka, na wangekuwa na haki.

Baba ni mzee sasa. Macho yameondoka, hukaa ndani kwenye kiti cha uvivu, na akipata mgeni humsimulia habari za mwaka ule. Pasaka iliyopita alimsimulia paroko mpya mbele yangu. Alisema mama yake alikuwa mtu wa pekee, kwamba ulezi aliokuwa anaulinda kuliko macho yake aliutoa kwa hiari ili mwanawe apate kusimama, na kwamba yeye Baba hajajisamehe kwa kumruhusu. "Lakini alikubali mwenyewe," akasema, akigeuza uso kunitafuta. "Skola alikuwepo. Si alikubali, mwanangu?" Nilikuwa nimebeba sinia la vikombe. Nimefundisha Kiswahili miaka mingi, nimewaonya mamia ya watoto wa watu kwamba neno likitoka halirudi, na nilikuwa na maneno yote niliyoyahitaji mdomoni mwangu. Nikasema, "Ndiyo, Baba. Alikubali."

Niliweka vikombe, nikatoka nyuma. Jiko la zamani halipo, lakini mawe manne ya kihenge yapo, yamezama nusu, kuku wanakunya juu yake. Nilipiga magoti kwenye vumbi na sketi yangu ya kanisani. Nilikunja viganja, nikapiga makofi mazito, polepole, mara tatu, nikangoja. Upepo wa Ufipa ulikuwa uleule. Niligundua kwamba nilikuwa navuta pumzi kutafuta harufu, na hapakuwa na harufu yoyote. Toka ndani Baba aliyasikia makofi, maana masikio yake ni mazima, akaita kuuliza ni nani huyo anayeomba huko nyuma.

"Si mtu, Baba," nikamjibu. "Ni mimi tu."